Kiapo na Agizo: Jinsi Muda Ulivyoamua Kesi Mbili za Mawaziri Wasaidizi

Alhamisi ya tarehe 23 Machi 2023, watu 50 walikula kiapo katika Ikulu ya Nairobi ili wawe Mawaziri Wasaidizi, au CAS (kifupi cha Kiingereza cha Chief Administrative Secretary) kama kila mtu jijini alivyozoea kuwaita. Kesho yake, Ijumaa, Jaji Hedwig Ong'udi wa Mahakama Kuu alitoa agizo la muda lililowazuia kuingia ofisini, kutekeleza majukumu ya cheo hicho na kupokea mshahara au marupurupu yoyote yanayotokana nacho. Kiapo kilikuwa kimelitangulia agizo kwa siku moja. Kwa jinsi mashauri ya uteuzi serikalini yanavyokwenda nchini Kenya, siku moja ni muda mfupi kupita kiasi, na ufupi huo ndio uliofanya kesi hiyo iwe na maana kwa watu waliokuwa nje ya chumba cha mahakama.

Nimeichagua nafasi hii ya kazi kwa sababu imeshtakiwa mara mbili. Cheo ni kilekile, mahakama iliyosikiliza ni Mahakama Kuu ya Nairobi, na kiini cha malalamiko hakikutofautiana sana: kwamba ofisi ya umma iliundwa na kujazwa watu bila kufuata Katiba. Mara zote mbili serikali ilishindwa. Hata hivyo, baada ya ushindi wa kwanza waliolalamikiwa waliendelea kukalia viti vyao, ilhali katika kesi ya pili hapakuwa na aliyewahi kukikalia kiti chenyewe. Anayetaka kujua ucheleweshaji unaifanyia nini kesi ya uteuzi hana haja ya kwenda mbali. Aziweke hukumu hizi mbili mezani na kuhesabu siku.

Rais Uhuru Kenyatta alitangaza nafasi za Mawaziri Wasaidizi mnamo Januari 2018, mwanzoni mwa muhula wake wa pili. Chini ya Katiba ya zamani nchi ilikuwa na mawaziri wasaidizi waliotoka miongoni mwa wabunge, lakini Katiba ya 2010 iliwaacha. Kifungu cha 152 kinataja mawaziri wasiopungua 14 na wasiozidi 22, na kifungu cha 155 kinataja makatibu wa wizara; kati ya ngazi hizo mbili hakuna cheo kingine kilichotajwa. Ni kweli kwamba Katiba haikufunga mlango kabisa. Kifungu cha 132 kinamruhusu Rais kuunda ofisi katika utumishi wa umma kwa pendekezo la Tume ya Utumishi wa Umma, na kifungu cha 234 kinaipa tume hiyo yenyewe mamlaka ya kuunda na kufuta ofisi. Swali lilikuwa kama njia hiyo ilifuatwa, na kama kazi zenyewe zilijazwa kwa ushindani na kwa uwazi unaodaiwa na vifungu vya 10 na 232.

Okiya Omtatah, ambaye wakati huo alikuwa bado mwanaharakati na hajawa Seneta wa Busia, alikwenda mahakamani mwaka huohuo wa 2018. Sisitizo langu liko kwenye mwaka. Hakuna anayeweza kumwambia mlalamishi huyo kwamba alilala usingizi juu ya haki yake. Hukumu, hata hivyo, ilisomwa na Jaji Anthony Mrima tarehe 20 Aprili 2021, naye akaamua kwamba kuundwa kwa nafasi hizo na uteuzi wa waliozijaza ulikiuka Katiba. Kuanzia tangazo la Januari 2018 hadi siku hiyo zilikuwa zimepita siku zaidi ya 1,100.

Siku hizo hazikupita bure. Mawaziri Wasaidizi walikuwa kazini, wakisafiri, wakiwakilisha wizara, wakijibu maswali ya wabunge kwenye kamati. Kisha likaja janga la korona mwaka 2020, na Wakenya wakazoea kuwasikiliza Daktari Rashid Aman na Daktari Mercy Mwangangi wakisoma idadi ya wagonjwa wapya kutoka Afya House, makao makuu ya Wizara ya Afya. Sisemi haya kuwalaumu wawili hao, waliofanya kazi waliyopewa katika wakati mgumu. Nasema kwamba kufikia Aprili 2021 cheo ambacho mahakama ilikuwa inajiandaa kukitangaza batili kilikwisha kuwa sehemu ya sebule za watu kila alasiri. Mahakama zenyewe zilikuwa zimepunguza shughuli zake tangu Machi 2020 kwa sababu ya ugonjwa huohuo, na kesi nyingi nchini zikasukumwa mbele.

Baada ya hukumu, serikali ilielekea Mahakama ya Rufaa na wahusika wakabaki ofisini. Baadhi yao waliondoka Februari 2022, lakini waliondoka kwa hiari ili kuwania viti katika uchaguzi wa Agosti, si kwa sababu ya hukumu. Muhula ukaisha na utawala ukabadilika. Mlalamishi alikuwa ameshinda kesi kuhusu ofisi ambayo wenye nayo waliitumikia karibu mpaka mwisho wa safari waliyokusudia. Wako mawakili wanaosema ushindi huo ulikuwa na thamani kwa sababu uliweka msimamo wa sheria, na wana haki ya kusema hivyo, maana kesi ya pili iliegemea kwa sehemu kwenye kumbukumbu hiyo. Lakini msimamo wa sheria ambao haukumwondoa mtu wala kuzuia shilingi moja ya mshahara kwa kipindi chote kilichobishaniwa ni kitu cha kuwafaa wanafunzi wa sheria zaidi ya walipa kodi.

Hapa inabidi kutenganisha mambo ambayo mara nyingi huchanganywa. Neno kuchelewa linapotajwa mahakamani, macho yote humgeukia mlalamishi. Anayetaka amri ya kufuta uamuzi wa chombo cha serikali kwa njia ya zamani ya mapitio ya mahakama, chini ya Sura ya 26 ya Sheria za Kenya na Agizo la 53 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai, ana miezi sita tangu uamuzi ufanywe. Sheria ya Utendaji wa Haki wa Kiutawala ya 2015 haikuweka idadi ya siku, bali inamtaka mlalamishi afike bila kuchelewa kusikofaa. Kesi ya kikatiba, inayofunguliwa kwa vifungu vya 22 na 258, haina ukomo ulioandikwa popote, lakini jaji bado atauliza: ulikuwa wapi muda wote huu, na nani ameumia kwa kukaa kwako kimya? Asiye na maelezo ya kuridhisha anaweza kunyimwa nafuu hata kama hoja zake ni nzuri.

Kwamba kesi ya kikatiba haiuawi na miaka pekee lilidhihirika mwanzoni mwa 2023, Mahakama ya Juu ilipowapa haki akina mama wa wafungwa wa kisiasa waliotendewa ukatili na maafisa wa serikali pale Freedom Corner, Uhuru Park, mwaka 1992. Mahakama za chini zilikuwa zimewakatalia kwa sababu walikawia. Naiheshimu hukumu hiyo, lakini mtu anayepinga uteuzi asijifariji nayo. Kidonda cha 1992 hakihitaji mtu mwingine aondolewe kitini ili kiponywe. Fidia inaweza kulipwa baada ya miongo. Kesi ya uteuzi inadai kiti, na kiti kina mtu. Kila wiki inayopita mtu huyo anatia saini nyaraka, anaajiri wasaidizi, anaahidi wafadhili, anahamisha familia. Kanuni ya kale ya sheria inalinda hata matendo ya afisa ambaye baadaye anaonekana hakuteuliwa ipasavyo, kwa sababu mwananchi aliyehudumiwa naye hana hatia. Kanuni hiyo ni ya busara, ila ina upande wake wa pili: kadiri afisa anavyotenda mengi zaidi, ndivyo jaji anavyozidi kuogopa kuvuta uzi ambao utafumua nguo nzima.

Ucheleweshaji wa aina nyingine mbili hauna adhabu ya namna hiyo. Mahakama ikichukua miaka mitatu, kifungu cha 159 kinachosema haki isicheleweshwe hakimrudishii mlalamishi hata siku moja. Upande wa serikali ukiomba muda wa kuwasilisha majibu, ukileta pingamizi la awali kwamba kesi ilipaswa kwenda Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi badala ya Mahakama Kuu, ukiomba jalada lipelekwe kwa Jaji Mkuu ili aunde jopo, kila ombi kati ya hayo laweza kuwa halali kabisa likitazamwa peke yake. Yakijumlishwa, yanatoa kitu ambacho mteuliwa anakihitaji kuliko ushindi, yaani muda wa kukaa. Nadhani hili ndilo walalamishi wa 2023 walilielewa vizuri, ama kwa sheria ama kwa uchungu.

Mwaka 2022, baada ya Rais William Ruto kuingia madarakani, Tume ya Utumishi wa Umma ilianza upya. Safari hii maoni ya umma yaliombwa, nafasi 23 zikatangazwa, watu zaidi ya 5,000 wakatuma maombi, na waliochujwa wakaitwa kuhojiwa. Ilionekana kama serikali imesoma hukumu ya Jaji Mrima na kuitia maanani. Kisha, tarehe 16 Machi 2023, orodha ikatoka Ikulu ikiwa na majina 50. Nafasi 27 zilikuwa zimeongezeka njiani. Bunge la Kitaifa lilisema halina mamlaka ya kisheria ya kuwapiga msasa wateule hao, na wiki moja kamili baada ya orodha kutangazwa, wote wakawa wamekwisha kula kiapo.

Mwendo huo wa wiki moja ungeweza kuzaa matokeo yaleyale ya 2018. Tofauti ilitoka kwa walalamishi, miongoni mwao Chama cha Mawakili nchini, ambao hawakuridhika kufungua kesi kuu na kusubiri zamu yake. Waliomba kwa dharura agizo la muda chini ya kifungu cha 23. Ili kulipata agizo la aina hiyo, mwombaji huonyesha kwamba kesi yake ina mashiko, kwamba likikosekana hukumu ya baadaye itakuwa kazi bure, na kwamba maslahi ya umma yanaelemea upande wake. Sharti la katikati ndilo lenye uzito mkubwa zaidi katika mambo ya uteuzi, na kesi ya kwanza ilikuwa imeacha ushahidi ulio hai: kila mtu mjini alikuwa ameona kinachotokea wateule wanapoachwa wafanye kazi wakati kesi inasubiri. Teknolojia nayo ilisaidia. Tangu Julai 2020 mahakama za Nairobi zinapokea kesi kwa mtandao, hivyo wakili halazimiki kupanga foleni kwenye mahakama za Milimani jijini Nairobi akiwa na mafaili kwapani ili ombi lake limfikie jaji.

Agizo la tarehe 24 Machi halikuamua chochote kuhusu nani ana haki. Liliacha tu mambo yasisonge. Wateule 50 walikuwa na kiapo lakini hawakuwa na ofisi, gari, katibu wala faili. Jopo la majaji watatu, Kanyi Kimondo, Hedwig Ong'udi na Aleem Visram, lilisikiliza kesi na kusoma hukumu Jumatatu ya tarehe 3 Julai 2023, siku 101 baada ya agizo. Wengi wao waliamua kwamba uteuzi wote ulikuwa kinyume cha Katiba. Nafasi 27 za ziada hazikuwa zimepitia ushirikishwaji wowote wa umma, na haikuingia akilini mwa majaji hao kwamba waandishi wa Katiba walikusudia wasaidizi 50 kwa mawaziri 22.

Angalia kile ambacho majaji hawakulazimika kukifanya. Hawakuulizwa nini kifanyike kuhusu mikataba iliyotiwa saini, mishahara iliyolipwa, au maamuzi yaliyotolewa kwa jina la wizara. Hapakuwa na uzi wa kufumua. Jaji anayeandika hukumu katika hali hiyo huiandika sheria kama anavyoiona, bila kunong'onezwa na hofu ya vurugu itakayofuata. Kwa maoni yangu, faida hii ya agizo la mapema haisemwi vya kutosha: pamoja na kumlinda mlalamishi, linamlinda jaji pia dhidi ya uzito wa mambo yaliyokwisha kutendeka.

Ingekuwa si haki kuishia hapo kana kwamba kusimamisha ni jambo lisilo na gharama. Wateule wenyewe waliumia. Mtu aliyeitwa Ikulu na kuapishwa mbele ya kamera, kisha akakaa siku 101 bila kujua kama ana kazi, amebeba mzigo ambao hakuutengeneza yeye. Kwa umma, gharama ilikuwa ndogo kwa sababu wizara zilikuwa na mawaziri na makatibu wake na hakuna huduma iliyosimama. Lakini si kila ofisi iko hivyo. Tume ya uchaguzi ilibaki bila mwenyekiti wala makamishna tangu Januari 2023, na orodha ya wateule wapya ilipotoka Mei 2025, kesi na maagizo ya kusimamisha yakafuata. Wakati huo wakazi wa Banissa, Kaunti ya Mandera, walikuwa wamekaa bila mbunge tangu Machi 2023. Tarehe 10 Julai 2025 majaji watatu walikubali mchakato wa uteuzi lakini wakafuta tangazo la gazeti rasmi la serikali lililochapishwa huku agizo la mahakama likiwa linatumika. Tangazo jipya likatolewa, na makamishna wakaapishwa siku iliyofuata. Katika hali ile agizo la muda lilikuwa linagharimu kura za watu kila wiki, na jaji aliyepima maslahi ya umma alikuwa na mizani tofauti kabisa na ile ya Machi 2023.

Upo pia ucheleweshaji unaogeuka upande, pale anayeteua ndiye anayekataa kuteua. Majina ya majaji 41 yaliyopendekezwa na Tume ya Huduma ya Mahakama mwaka 2019 yalikaa Ikulu hadi tarehe 3 Juni 2021, wakati 34 walipoteuliwa. Mmoja alikuwa amefariki akisubiri, na sita waliosalia waliapishwa Septemba 2022 tu, baada ya Rais mwingine kuingia. Mahakama ilikuwa imesema tangu Februari 2020 kwamba Rais hana hiari katika jambo hilo. Katika kesi ile hapakuwa na kiti cha kulinda kwa agizo la kusimamisha, na ndiyo sababu ushindi wa mapema haukusaidia: agizo la kumzuia mtu asitende hujitekeleza lenyewe kwa kiasi kikubwa, ilhali agizo la kumlazimisha mtu atende linamngoja yeye mwenyewe anyanyuke.

Yote haya ni kuhusu vyeo vikubwa vyenye kamera na mawakili mashuhuri. Watu wengi wanaoumizwa na muda hawaonekani Milimani kabisa. Fikiria mtu aliyeomba kazi ya mkurugenzi katika bodi ya utumishi wa umma ya kaunti, akahojiwa, akasikia kwa watu kwamba aliongoza kwa alama, kisha akaona jina la mwingine. Sheria haimruhusu kuruka moja kwa moja hadi mahakamani. Kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti kinampeleka kwanza kwa rufaa kwenye Tume ya Utumishi wa Umma, na Sheria ya Utendaji wa Haki wa Kiutawala inaitaka mahakama imrudishe huko ikiwa hajapita. Nia ni njema, kwa sababu migogoro mingi inastahili kumalizwa bila majaji. Lakini rufaa yenyewe haimwondoi aliyeajiriwa, na saa ya kiti haisimami ikisubiri barua za tume. Mtu huyu anaweza kufuata kila hatua aliyoamriwa, kwa unyenyekevu wote, na akafika mbele ya jaji akikuta mpinzani wake amethibitishwa kazini.

Anachoweza kufanya ni kutoipoteza ile sehemu ya muda iliyo mikononi mwake. Nimeona watu wakikaa miezi minne wakitafuta kuonana na mkubwa fulani, wakiahidiwa kwamba jambo litaangaliwa, huku wakidhani kwamba mazungumzo hayo yanahesabiwa na sheria. Hayahesabiwi. Kinachohesabiwa ni barua. Kifungu cha 35 cha Katiba kinampa haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali, na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inaitaka ofisi ya umma iamue ombi lake ndani ya siku 21. Alama za mahojiano, tarehe ya kikao kilichopitisha jina na sababu za uamuzi ndivyo vitu atakavyoulizwa na jaji, na akivipata ndani ya mwezi wa kwanza bado ana muda wa rufaa na hata wa kuomba jambo lisimamishwe ikiwa kuna dharura ya kweli. Barua hiyo iandikwe wiki ileile matokeo yanapotoka, ipelekwe kwa mkono, na nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa ihifadhiwe, maana siku mpinzani atakaposimama na kudai kwamba mlalamishi alikawia, tarehe iliyo kwenye muhuri huo ndiyo itakayomjibu.